Kuanika na Kuanua: Mwongozo Kamili wa Kusoma Mawingu Unguja na Pemba

Saa saba mchana. Majamvi matatu ya karafuu yametandazwa uwanjani, jua linachoma, na upande wa Kojani limesimama wingu. Uanue au uache?

Ukianua mvua isije, umepoteza jua la saa tatu na mgongo umeuma bure. Ukiacha ikaja, karafuu zinalowa, zinavunda, na ule wekundu wake wa kahawia unachujuka ukawa weupe wa majivu. Mnunuzi akitia mkono guniani hana haja ya kuuliza. Mimi niliwahi kuacha. Simu ilikuwa imeniandikia jua tupu kutwa nzima, nikaswali adhuhuri, nikajinyoosha kidogo. Nikaja kuamshwa na jirani: "Nyie humo ndani! Anueni, mvua hiyo!" Nilipofika mlangoni matone yalikuwa yanagonga bati, makubwa kama kunde.

Mwongozo huu ni wa kila mwenye kitu nje, iwe karafuu, mwani, dagaa au nguo za watoto, na wa yule ambaye mwenyewe yuko nje, ndani ya ngalawa au juu ya mkarafuu. Methali yetu inasema dalili ya mvua ni mawingu. Sawa, lakini haikutuambia mawingu gani, na visiwani hakuna siku isiyokuwa na mawingu. Nilichojifunza ni kwamba wingu peke yake halisomeki. Linasomeka ukijua upepo gani umelileta.

Hatua ya 1: Tafuta upepo kabla ya kutafuta wingu

Kosa la wengi ni kuinua kichwa moja kwa moja. Tazama kwanza makuti ya minazi, moshi wa jikoni, tanga la dau lililo mbali. Ukishajua upepo unatoka wapi, geuka uuelekee. Hali ya hewa yako ya saa mbili zijazo mara nyingi iko huko mbele ya uso wako, haiko kisogoni.

Kaskazi huvuma kuanzia Desemba hivi hadi Machi, kutoka kaskazini mashariki. Ndio uliokuwa ukiyaleta majahazi ya Arabuni na Bara Hindi. Januari na Februari ni kiangazi chetu: joto, mawingu madogo meupe, mvua za kuhesabu. Wingu likisimama katika kaskazi kavu, litilie shaka lakini usikimbie.

Kusi huanza kushika Aprili au Mei na kuendelea hadi Septemba hivi, ukitokea kusini na kusini mashariki. Juni na Julai, wakati wa kipupwe, huvuma kwa nguvu, na mawingu yake hupita mbio kutoka baharini yakiwa mafupi. Hutupa mvua ya dakika kumi, jua linatoka, kisha jengine linakuja. Vile vimvua vya Julai na Agosti ndivyo tunavyoviita mchoo. Wakazi wa Paje, Jambiani na Matemwe huvipata mwanzo, kwani pwani ya mashariki ndiyo inayopokea upepo. Mara nyingi huwakuta usiku wa manane au alfajiri.

Hapa niseme jambo ambalo mawingu hayatakwambia. Kusi kali inaweza kuvuma chini ya mbingu nzuri kabisa, buluu, yenye vipande vya sufi. Mtu wa nchi kavu ataiona siku nzuri. Baharini ni siku mbaya. Boti ya abiria MV Skagit ilizama karibu na Chumbe tarehe 18 Julai 2012 ikitokea Dar es Salaam, katika upepo mkali na bahari iliyochafuka, katikati ya kusi. Kwa hiyo msafiri wa mlango wa Nungwi, ule wa baina ya Unguja na Pemba, katika miezi hiyo asome povu la mawimbi kabla ya kusoma wingu.

Baina ya pepo hizi mbili kuna vipindi vya tanga mbili, upepo usipojijua. Ndipo mvua zetu kubwa zinapoingia. Jua hupita utosini mwetu mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba, na ukanda wa mvua wa ikweta hulifuata kwa kuchelewa wiki kadhaa. Hivyo tukapata masika, Machi hadi Mei, na vuli, Oktoba hadi Disemba. Masika ni mvua ya kutegemewa. Vuli ina kigeugeu. Joto la Bahari ya Hindi likizidi upande wetu na kupungua upande wa Indonesia, vuli hufurika, kama ilivyokuwa mwaka 1997 na 2019. Likigeuka kinyume, vuli hupita patupu.

Wazee waliyahesabu haya kwa miongo, siku kumi kumi kuanzia Nairuzi, siku ya mwaka ambayo Makunduchi bado wanaikoga kila Julai. Nahodha wa zamani hakutaja mwezi, alitaja mwongo. Mimi sikuwahi kuushika ujuzi huo, na najuta kila ninapokosea.

Hatua ya 2: Pima kimo kwa vidole

Mwaka 1802 mtengeneza dawa mmoja wa London, Luke Howard, aliwapendekezea wenzake majina ya Kilatini kwa mawingu: kumulusi, yaani lundo, stratusi, tabaka, sirusi, ushungi wa nywele, nimbusi, mvua. Leo Shirika la Hali ya Hewa Duniani linatambua aina kumi, na zote zimefinyangwa kwa maneno hayo manne pamoja na alto, yenye maana ya kimo. Huna haja ya kuyakariri. Yachukue mawingu kama vitu kwenye shubaka la ngazi tatu. Ngazi ya chini haizidi kilomita 2 kutoka ardhini. Ya kati, katika nchi za joto kama zetu, ni kilomita 2 hadi 8. Ya juu huanza kilomita 6 ikaenda hadi 18, na huko karibu kila kitu ni barafu.

Kujua ngazi gani, nyoosha mkono wote mbele yako ukielekea wingu lililo juu, si lile lililolala kwenye upeo wa macho. Donge la wingu likifunikwa na kidole kidogo, liko ngazi ya juu. Likihitaji vidole viwili au vitatu, ni la kati. Likizidi hapo, ni la chini, na la chini ndilo lenye shughuli na wewe.

Hatua ya 3: Lijue sufi na ukoo wake

Ukiwa na nafasi ya kujifunza ukoo mmoja tu wa mawingu, jifunze huu. Mvua nyingi ya kushtukiza visiwani hutoka humu.

Kumulusi ni lile wingu jeupe lenye kitako bapa na kichwa cha mviringo, kama sufi iliyopasuka ganda ikabaki imening'inia mtini. Linazaliwa hivi: jua linachoma ardhi, hewa ya juu yake inapata joto na kupanda, na inapopanda inapoa mpaka mvuke wake unageuka vitone. Pale vitone vinapoanzia ndipo kitako kinapokaa, ndiyo maana ni bapa kama sinia. Kwetu kitako hicho kiko chini, mara nyingi mita 500 hadi 800, kwa kuwa hewa yetu imejaa unyevu tangu inapoondoka baharini.

Kumulusi ndogo ni wingu la kuanika. Upana wake unazidi urefu wake, zinaelea zimeachana, kivuli kinapita uwanjani na kuondoka. Tandaza majamvi yako.

Kuanzia saa nne asubuhi chagua moja, moja tu, ulitazame kwa dakika kumi huku ukichambua makonyo, vile vijiti vya karafuu. Je, linapanda au linatawanyika? Lenye kingo kali, zinazochemka kama ua la koliflawa, linakua. Lenye kingo zilizochanika kama pamba kuukuu linakufa, hata liwe kubwa vipi. Kanuni ninayoitumia ni nyepesi: urefu ukishaupita upana, acha kazi ya mbali. Usiende sokoni Wete ukawaachia majamvi watoto.

Likiendelea kurefuka linakuwa mnara. Na hapa ndipo wageni na wenyeji wanapokosea pamoja, wakidhani mvua lazima itoke kwenye wingu jeusi lenye radi. Katika nchi zetu za joto kumulusi ya mnara inaweza kunyesha bila kufika kwenye baridi ya barafu, ambayo kwetu huanza karibu kilomita 5 juu. Vitone vinagongana vyenyewe ndani ya wingu, vinaungana, vinakuwa vizito, vinaanguka. Hakuna ngurumo, hakuna umeme, wala hakuna onyo. Mvua iliyoniharibia karafuu ilikuwa ya namna hii, robo saa tu, na baada yake jua likatoka kama lililokuwa likinicheka.

Mwisho wa ukoo ni kumulonimbusi. Huyu ni mzee wa kaya. Kichwa chake kinafika kilomita 15 na zaidi, na kikigonga dari ya anga kinatandaa pembeni kama mwavuli au kama fuawe la mhunzi. Hapo juu kingo zake si kali tena, zimekuwa laini na zenye nyuzi, kwa kuwa zimeganda. Chini ni weusi wa kuelekea kijani au buluu ya kaniki. Humo mna radi, mvua ya kumwagika, na upepo wa kuangusha migomba. Mvua ya mawe ni nadra sana visiwani, maana barafu ina kilomita 5 za hewa ya joto za kupita kabla ya kufika chini.

Zingatia pia mahali. Visiwa vyetu ni vyembamba: Unguja kama kilomita 39 pale palipo papana, Pemba kama 22. Mchana wa tanga mbili, pasipo upepo wa maana, hewa ya bahari huingia kutoka pwani zote mbili, na zikikutana katikati ya kisiwa hazina pa kwenda ila juu. Ndiyo maana katika siku hizo unaona mstari wa minara umejipanga kwa urefu wa kisiwa, na wavuvi walio mbali wanakijua kisiwa kiliko kabla ya kuuona mnazi hata mmoja. Upepo ukiwa na nguvu mstari huo unasukumwa: kusi huupeleka upande wa Mkokotoni na Tumbatu, na ufukwe wa mashariki unabaki na jua.

Hatua ya 4: Mbingu ikifungwa, tazama kivuli chako

Mawingu ya tabaka hayana sura ya kuvutia, lakini yana kipimo rahisi kuliko yote. Simama nje uangalie chini.

Ukiona kivuli chako, japo hafifu, na jua lina duara kulizunguka, lililoko juu ni sirostratusi, shela nyembamba ya barafu. Usiku utaliona duara hilo kwa mwezi; kutoka mwezini hadi kwenye duara ni karibu shubiri moja ya mkono ulionyooshwa. Endelea kuanika.

Ukiwa huna kivuli, na jua linaonekana kama sarafu nyuma ya kioo chenye ukungu, hiyo ni altostratusi. Karafuu hazitalowa kwa sasa, ila hazitakauka pia. Iangalie kila nusu saa. Ikizidi kuwa nzito, jua likapotea kabisa na vipande vyeusi vikaanza kukimbia chini yake, umefika kwenye nimbostratusi, na mvua imefunga. Katika masika mara nyingi hii ndiyo sehemu ya nyuma ya kundi la mawingu ya radi. Dhoruba imekwisha kupita, na shuka lake linabaki likinyesha taratibu kwa saa nyingi. Mvua hii ndiyo anayoipenda mkulima wa mpunga, maana inaingia ardhini badala ya kukimbilia mtaroni.

Stratokumulusi ni yale madonge makubwa ya kijivu yaliyopangana kama mikate ya sinia, na upenyo wa mwanga baina yake. Asubuhi za kipupwe hutanda hivyo. Wengi huahirisha kazi wakiyaona, na saa nne hivi yanapasuka, siku inakuwa njema. Yanaweza kutoa rasharasha za kutia maji kwenye nguo, si zaidi. Mwanamke anayeanika mwani Jambiani hajali sana rasharasha ya dakika mbili. Mvua kubwa ndiyo inayomuosha mwani wake na kumshusha bei. Mwenye dagaa waliochemshwa, kule Mkokotoni au Kama, hana subira hiyo. Dagaa wakilowa mara ya pili ni hasara. Kwa hiyo wingu moja lina hukumu mbili, kutegemea umeanika nini.

Stratusi tupu, shuka la kijivu lililogusa vilele vya minazi, si la kila siku kwetu, na ukungu wa alfajiri mabondeni mwa Pemba ni nduguye. Huyeyuka jua likipanda.

Hatua ya 5: Mawingu ya juu, usiyape zaidi ya haki yao

Sirusi, zile nyuzi nyeupe kama mkia wa farasi, husifiwa sana katika vitabu vya Ulaya kuwa ni mjumbe wa mvua ya kesho. Huko ni kweli mara nyingi, kwa sababu kwao mvua huja na mpaka wa hewa baridi na hewa ya joto unaosafiri, na nyuzi hizo hutangulia. Mpaka wa aina hiyo haufiki kwetu. Sirusi ya Zanzibar mara nyingi ni mabaki ya kichwa cha dhoruba iliyokwisha kufa mahali pengine, pengine Bara, pengine katikati ya bahari. Pambo zuri la magharibi, basi.

Ile kanuni ya kigeni kwamba wekundu wa jioni ni heri na wekundu wa asubuhi ni shari iachwe hukohuko. Ilitungwa kwenye nchi ambazo hali ya hewa hutoka magharibi kwenda mashariki. Yetu kwa sehemu kubwa hutoka upande wa mashariki.

Kitu kimoja cha ngazi ya kati nakiangalia kwa makini: altokumulusi zenye vijinara. Ni safu za mavundevunde mepesi alfajiri ambayo migongo yake imeota vichwa vidogo vidogo, kama ukuta wa ngome. Hiyo ni habari kwamba hewa ya kule juu tayari haijatulia, kabla jua halijaanza hata kupasha ardhi. Siku kama hiyo, hasa Aprili au Novemba, mimi sianiki zaidi ya ninachoweza kuanua peke yangu.

Hatua ya 6: Likishakuja, hesabu

Umeliona wingu, lina kitako cheusi na chini yake pazia la kijivu linagusa ardhi au bahari. Mvua hiyo tayari inanyesha huko. Swali lililobaki ni muda gani.

Tumia alama. Ukiwa Forodhani, Changuu na Bawe ndivyo vipimo vyako. Kisiwa kilichokuwa kikionekana kikifutika, mvua iko juu yake. Ukiwa Wete tazama Fundo. Ukiwa mashariki, tazama mstari mweupe wa mawimbi kwenye mwamba. Wingu linaloletwa na upepo wa kilomita 30 kwa saa litakula kilomita 10 kwa dakika 20. Majamvi matatu, watu wawili, huanuliwa kwa dakika kumi ikiwa hakuna anayegombana.

Kwa radi, hesabu sekunde kuanzia umeme hadi ngurumo. Kila sekunde 3 ni kilomita 1. Ukifika 30 bado unayo nafasi ndogo; ikiwa chini ya 30, kazi ya nje imekwisha. Mchumaji ashuke mkarafuuni hata kama pishi haijajaa. Anayeoga baharini atoke. Usijikinge chini ya mnazi, ndio mti mrefu kuliko yote hapo na radi inaujua. Subiri nusu saa baada ya ngurumo ya mwisho, kwa sababu watu wengi hupigwa wakati wanapodhani imekwisha.

Umeme wa kimya unaouona usiku upande wa Bara ni jambo jengine. Mawingu marefu huonekana kwa zaidi ya kilomita 100, na ngurumo haisikiki zaidi ya kilomita 20 hivi. Upepo wa juu kwetu kwa kawaida huelekea magharibi, kwa hiyo dhoruba nyingi za Bara huzidi kutuacha. Kaeni barazani mtazame.

Kwa aliye baharini, dalili kubwa si umeme. Ni upepo. Utakuwa ukienda vizuri, kisha upepo unakufa, tanga linalegea, joto linapanda. Halafu unakuja upepo mwengine, wa baridi, kutoka moja kwa moja kwenye wingu. Hiyo ni hewa iliyopozwa na mvua, imeanguka kutoka juu na sasa inatambaa juu ya maji ikitangulia matone. Ukiona bahari chini ya wingu imekuwa nyeupe kwa mstari, una dakika chache sana. Shusha foromali, ule mti unaobeba tanga, sasa, usingoje ikuamrishe. Funga vitu, geuza omo, yaani mbele ya chombo, uelekee upepo, wote wakae chini mbali na mlingoti. Na ukiona mkonga mwembamba umening'inia kutoka kwenye kitako cha wingu hadi majini, usiushindanishe mbio. Uangalie unaelekea wapi, uende pembeni yake.

Hatua ya 7: Sasa fungua simu

Sikusema simu haina faida. Ile picha ya jua iliyonidanganya ilikuwa imetengenezwa na hesabu za dunia nzima, ambazo kisiwa cha kilomita 22 kwao ni kama punje. Utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania ni mwengine, unataja Unguja na Pemba kwa majina. Jifunze lugha yake. "Maeneo machache" maana yake inaweza kunyesha kwa jirani na kwako vumbi. Tahadhari zake zina ngazi: angalizo kwa rangi ya manjano, tahadhari kwa rangi ya chungwa, tahadhari kubwa kwa nyekundu. Wakitangaza upepo mkali unaofikia kilomita 40 kwa saa na mawimbi yanayofikia mita 2, hiyo haikuandikwa kwa ajili ya meli kubwa. Imeandikwa kwa ajili ya ngalawa yako.

Pia wazi kwa kila mtu ni picha za setilaiti za Meteosat, zinazopigwa kila dakika 10 hadi 15. Tazama tatu au nne mfululizo utaona kundi la mawingu linakwenda wapi, jambo ambalo jicho lililoko Micheweni haliwezi.

Na lipo jambo ambalo wingu juu ya kichwa chako haliwezi kabisa kukwambia mapema: kimbunga. Watu husema hakifiki kwetu, kwa kuwa tuko karibu na ikweta, na kwa kweli ni nadra. Lakini tarehe 15 Aprili 1872 kimoja kilipiga Unguja kikaangusha mikarafuu mashamba kwa mashamba na kuzamisha merikebu bandarini. Pemba ikanusurika kwa sehemu kubwa, na huo ni mmoja wa mizizi ya Pemba kuwa kisiwa cha karafuu hadi leo. Mwanzoni mwa Mei 2024, kimbunga Hidaya kilikaribia pwani kikaishia maeneo ya Mafia. Tahadhari zilitolewa siku kabla na boti za Dar es Salaam na Unguja zikasitisha safari. Katika hali kama hiyo usibishane na tangazo kwa sababu mbingu yako bado ni buluu.

Hatua ya 8: Weka daftari

Daftari la skuli linatosha, na kalamu iliyofungwa kwa uzi ili watoto wasiondoke nayo. Mara tatu kwa siku, asubuhi, adhuhuri na alasiri, andika upepo unatoka wapi, wingu gani, na sehemu ngapi kati ya nane za mbingu zimefunikwa. Weka kopo lenye pande zilizonyooka uwanjani, mbali na mti, upime maji kwa rula kila asubuhi. Milimita 1 ni lita 1 kwa kila mita mraba ya paa lako, hesabu nzuri kwa mwenye tangi. Kisha andika ulichoamua na kilichotokea. Sehemu hii ya mwisho ndiyo watu wanaiona haya, wanaandika siku walizopatia tu. Andika na ulizokosea, maana ndizo zitakazokuonyesha kijiji chako kina tabia gani: pengine wingu la upande wa Konde haliji kwenu kamwe wakati wa kusi, na umekuwa ukilikimbia miaka kumi.

Ukurasa wangu wa karibuni unasomeka hivi: "Jumanne. Alfajiri umande mwingi, upepo shwari. Saa sita, matlai (upepo wa mashariki) dhaifu, kumulusi nne kwa nane. Saa nane, moja mashariki, urefu umepita upana, kingo kali, pazia chini. Nimeanua yote, na jirani nikamuamsha. Haikunyesha. Jirani hanisemeshi."